Jina Huitwa Mara Tatu

Siku yangu ya kwanza kazini niliita jina la mtu mara tatu, na aliyeinua kichwa alikuwa mbuzi.

Mbuzi huyo alikuwa amelala kwenye kivuli cha baraza, mlangoni pa chumba tulichokitumia kusikiliza mashauri ya uchaguzi wa wanafunzi. Niliyemwita alikuwa mwanafunzi wa mwaka wa pili, amesimama nyuma kidogo ya mbuzi, akizungumza na wenzake. Hakunisikia. Mama Wanza, karani mkuu, alitoka ndani, akanitazama, akamtazama mbuzi, kisha akaita yeye mwenyewe. Hata watu wa jikoni waligeuka.

"Dubow," aliniambia tulipoingia, "wewe unaita watu kama unawaomba msamaha."

Nayaandika haya kwa ajili ya atakayesimama mlangoni pale baada yangu. Nimeacha kazi mwezi huu. Wenzangu wanasema nimestaafu, na wanacheka, kwa sababu ndevu zangu bado hazijakamilika. Lakini nimeifanya kazi hiyo tangu nilipotoka Balambala na cheti cha darasa la nane na viatu vya kaka yangu, na sasa narudi Balambala kulima vitunguu na tikiti kando ya mto pamoja na kaka huyo huyo. Viatu nilimrudishia zamani. Mimi huandika polepole. Mama Wanza anasema hiyo si hasara, kwamba mtu wa kuandika polepole hapati nafasi ya kuandika upuuzi mwingi. Kuhusu vyeo na mshahara sitasema kitu. Cheo kilikuwa kimoja, nilianza nacho na nimeondoka nacho.

Kwa wasioijua ofisi yetu: chuo kiko Garissa mjini, na wanafunzi huchagua viongozi wa chama chao kila mwaka. Kabla ya kura, majina ya wagombea hubandikwa ubaoni, na mwanafunzi yeyote anaweza kupinga jina akisema mwenye jina hilo hana sifa. Kamati ya watu watatu husikiliza pande zote na kuamua. Mwenyekiti wake ni Mwalimu Kirimi, mwalimu wa sheria kutoka Meru, mtu mpole anayeheshimu saa kuliko anavyowaheshimu wakubwa wake. Kazi yangu ilikuwa kupeleka hati za wito, kuita majina mlangoni, kutafsiri mtu anapochagua kusema Kisomali, na kuweka mawe juu ya karatasi kabla feni haijawashwa. Mawe ni matano. Niliyaokota mwenyewe mtoni na yako dirishani.

Mama Wanza aliwahi kufanya kazi mahakamani kwao Kitui, na alituletea desturi za huko. Alinifundisha kwamba jina huitwa mara tatu, nje, mlango ukiwa wazi. Mtu asipoitika mara ya tatu, shauri lake limekwisha, awe na haki au asiwe nayo. Ndiyo maana, alisema, anayeita ana kazi kubwa kuliko watu wanavyodhani. Nilimwambia mimi ni mtu wa aibu. Akasema aibu ni yangu lakini jina ni la mtu mwingine.

Alinifundisha pia kidau cha wino. Joto la Garissa hukausha wino kabla ya adhuhuri, kwa hiyo kidau hufungwa kwenye karatasi ya plastiki na kuwekwa chini ya mtungi wa maji. Kuhusu hati za wito nilijifunza mwenyewe, kwa makosa. Usimpelekee mtu hati akitoka msikitini, atakuona umemvizia. Usimpelekee akiwa anakula, atakukaribisha, na ukishakula chakula chake mkono unakuwa mzito kutoa karatasi. Usimwachie anayekaa naye chumba kimoja, kwa sababu huyo ni binamu yake, na binamu ataisoma kwanza, kisha atawapigia simu watu wa kwao Kutulo, na jioni utapigiwa na mjomba wa mtu usiyemjua akikuuliza una ugomvi gani na familia yao. Mpe mwenyewe, kwa mkono wa kulia, baada ya salamu, na salamu zisiwe fupi.

Mashauri mengi hayakuwa magumu. Nakumbuka wavulana wawili, mmoja mgombea wa uhazini, mwingine akimpinga kwamba alikwisha kumaliza masomo na si mwanafunzi tena. Walikuja kwenye shauri wakiwa wamepanda pikipiki moja. Walikaa chumba kimoja na walikuwa na birika moja. Mmoja aliposhindwa na pumzi wakati wa kujieleza, mwenzake alimkumbusha hoja yake iliyobaki. Kamati ikamwondoa mgombea, wakapanda pikipiki yao wakaondoka, na aliyeshindwa ndiye aliyeendesha.

Shauri lililonipa kazi kweli lilikuwa la Hodan, mwaka jana.

Ili mtu alielewe, lazima ajue kikao. Wanafunzi wetu wengi ni watoto wa wafugaji wa Wajir, Mandera na Garissa, na siasa wameijua nyumbani kabla ya kuja chuoni. Nyumbani, wazee wa koo hukaa kabla ya uchaguzi, wakaafikiana kiti hiki mwaka huu ni cha nani, na wengine wakajitoa. Vijana chuoni hufanya hivyo hivyo, ila badala ya kuchinja hupika chai ya maziwa ndani ya chumba cha bweni na kugawana maandazi. Wakiafikiana husoma Fatiha, na mambo yamefungwa. Mimi sioni ubaya wake. Nimeona kikao kikiokoa urafiki ambao kura ingeuvunja.

Mwaka jana kikao kiliongozwa na Farah, kijana wa mwaka wa nne kutoka Wajir, hodari wa maneno, ambaye hakuwahi kugombea chochote lakini hakuna aliyegombea bila yeye. Waliotaka uenyekiti walikuwa wanne. Kikao kikampa Ibrahim, tuliyemwita Dheere kwa urefu wake, na wale watatu wakaja ofisini wakajitoa kwa maandishi kabla ya siku ya mwisho. Walikuwa wachangamfu. Mmoja alituletea maandazi yaliyobaki.

Kisha matokeo ya mitihani yakatoka, na Dheere alikuwa ameanguka somo moja. Kanuni iko wazi, kwamba mwenye mtihani wa kurudia hagombei. Mwanafunzi mmoja akampinga, nikampelekea Dheere hati, akaja. Mwalimu Kirimi alimuuliza kama ni kweli.

"Ni kweli, mwalimu. Hesabu ilinishinda."

"Una la kusema?"

"Naomba nibaki na hii hati ya wito. Nimwonyeshe mama kwamba niligombea."

Akaondolewa. Wanafunzi walidhani kiti hakina mgombea. Siku hiyo hiyo Farah alinikuta mbele ya ubao, akiwa ameweka kidole juu ya jina.

"Warya Dubow, huyu Hodan ni nani?"

"Mgombea."

"Mgombea wa nini?"

"Uenyekiti."

"Tangu lini?"

"Tangu jina lake libandikwe hapo."

"Walaal, ndugu yangu, hii ubao nani anasoma?"

Hapo ndipo nilipoelewa kilichotokea. Hodan Abdille Noor alitoka Diff, mpakani kule Wajir Kusini, na watu wa kwao chuoni walikuwa wachache mno kupewa nafasi kwenye kikao. Halafu ni msichana. Kikao kiliwaomba wote waliohesabiwa wajitoe, na yeye hakuna aliyemhesabu, kwa hiyo hakuna aliyemwomba. Alikuwa mgombea wa tano tangu siku ya kwanza, peupe, na sasa alikuwa wa pekee.

Farah hakukaa. Kufikia kesho yake alikuwa ameleta mapingamizi mawili. La kwanza lilisema kwamba wale watatu walijitoa kwa ajili ya Dheere, na kwa kuwa Dheere hayupo tena, kujitoa kwao kumekwisha na warudishwe. La pili lilisema kwamba Hodan hana sifa. Kanuni inataka mgombea awe na wapendekezaji kumi. Hodan alikuwa nao kumi kamili, na watatu kati yao, wavulana wa darasa lake, walikuwa wamekuja kusema wanarudisha majina yao. Walisema hivyo huku wakitazama viatu vyao. Mtu aliyekulia huku hahitaji kuambiwa kwamba binamu zao walikuwa wamewatembelea.

Nilimpelekea Hodan hati kwenye lango la bweni la wasichana, maana ndani sikuruhusiwa kuingia. Alitoka na kitabu mkononi, kidole kikiwa ndani ya ukurasa. Tulisalimiana, nikampa karatasi kwa mkono wa kulia, akaisoma yote akiwa amesimama.

"Kwa hiyo sasa wameniona," alisema.

"Wamekuona, abaayo," nilisema, kama mtu anavyomwita dada yake.

"Alhamdulillahi. Nilidhani hawataniona mpaka siku ya kura."

Nilimuuliza kwa nini anataka kiti hicho. Si swali la kazi yangu, lakini nilikuwa nimeshamaliza kazi yangu. Aligeuka akalionyesha lango. Lango hilo lilifungwa magharibi, na maktaba ilifungwa saa nne usiku. Wavulana walisoma mpaka saa nne. Wasichana walikimbia na vitabu nusu vimefunguliwa, na bwenini umeme ulikuwa wa kubahatisha. Walikuwa wameandika maombi, walikuwa wametuma wawakilishi, na kila mara waliambiwa jambo hilo liletwe na mwenyekiti wa chama. Mwenyekiti kila mara alikuwa mvulana anayesoma mpaka saa nne.

"Nataka lango tu," alisema. "Wakinipa lango, kiti wachukue."

"Lango huwezi kupewa bila kiti."

"Ndiyo maana niko kwenye hiyo hati yako."

Siku ya shauri baraza lilijaa. Korongo wakubwa wa Garissa, wale wenye vipara, walikuwa wamejipanga juu ya paa wakigongagonga mabati kwa miguu, na Mama Wanza akasema hata wao wamekuja na wakili. Niliita pande zote. Waliitika kwa sababu wote walikuwa tayari wamesimama mlangoni.

Farah alizungumza vizuri. Alisema neno la mtu ni lake, na mwenye neno anaweza kulichukua. Wale watatu waliojitoa wanachukua neno lao, na wale watatu waliompendekeza Hodan wanachukua lao. "Mwalimu, sisi hatujamkataza mtu. Watu wenyewe wamebadilisha. Na hii kiti ilipangwa, kila mtu anajua ilipangwa."

Hodan aliulizwa kama anataka kujibu. Alisimama, akajifunga mtandio vizuri.

"Mimi kikaoni sikuwepo. Sikualikwa, kwa hiyo siwezi kusema walikubaliana nini. Lakini hawa watatu walionipendekeza waliandika majina yao mchana, mbele ya karani, na walinicheka kwamba nimejipaka manukato siku ya kuomba saini. Kama neno lililoandikwa hapa linarudishwa, mniambie mapema, na mimi nijue kura yangu nitairudisha lini. Mimi naomba mizani iwe moja tu."

Kisha Farah akamwita shahidi wake, Dheere, aje aseme kwamba kikao kilimpa kiti yeye peke yake. Dheere aliinama kupita mlangoni. Aliomba kusema Kisomali, kwa sababu, alisema, jambo hili alitaka kulisema sawasawa. Nikasimama kando yake kutafsiri.

"Wenzako walijitoa kwa ajili yako?" Mwalimu Kirimi aliuliza.

"Ndiyo."

"Mlisema kwamba wewe ukiondolewa, wao watarudi?"

Farah akasema, "Mwalimu, hiyo ilijulikana."

"Namuuliza shahidi."

Dheere alitazama mikono yake, ambayo ilikuwa mirefu kama yeye. Nilitafsiri polepole, neno kwa neno. "Kuna aliyeuliza hivyo. Aliuliza, Dheere akianguka mtihani itakuwaje? Walijua hesabu yangu. Farah akasema tusiache mlango wa nyuma, tufunge kabisa, la sivyo kila mtu atarudi na sababu yake. Tukakubali. Tukasoma Fatiha. Fatiha ikishasomwa, mwalimu, hakuna anayerudi. Hata mimi nisingerudi."

Hapakuwa na mtu pale, mvulana au msichana, ambaye hakujua kwamba hilo ni kweli. Farah alimtazama Dheere kama mtu anavyomtazama ngamia wake mwenyewe aliyemuuma.

"Walaal," Dheere alimwambia, sasa kwa Kiswahili, "umenileta niseme. Nimesema."

Mwalimu Kirimi alitazama saa, akasema tutarudi baada ya sala ya alasiri.

Sasa kuhusu sala. Msikiti wa chuo una nafasi ya kutosha kwa wanaume. Chumba cha wanawake ni kidogo, kiko ng'ambo ya uwanja, nyuma ya jiko na matangi ya maji, kwa hiyo wasichana husali kwa zamu mbili. Kila mtu anajua, ila siku ile hakuna aliyelikumbuka, hata mimi. Wanaume walirudi. Mwalimu Kirimi alikuwa ameketi kwenye kiti chake kwa wakati aliousema, akasoma uamuzi wake. Ulikuwa mfupi. Aliyejitoa kabla ya siku ya mwisho amejitoa. Aliyependekeza kabla ya siku ya mwisho amependekeza. Neno lililotolewa kwa wakati wake linabaki, na mizani ni moja. Hodan Abdille Noor ndiye mgombea pekee, na kwa kanuni mgombea pekee hapigiwi kura. Anakuja mbele ya kamati, anatia saini kukubali, na kazi imekwisha. Asipofika kabla kikao cha kamati hakijafungwa, kiti kinatangazwa upya.

"Aitwe," alisema.

Nikatoka barazani. Hodan hakuwepo. Wala msichana yeyote hakuwepo. Farah aliona kitu hicho hicho wakati huo huo, nami niliona kwamba ameona. Hakusema neno baya. Aligeuka tu akaanza kuwasalimia wenzake kwa sauti, mmoja mmoja, wote wakamjibu, habari za nyumbani, habari za mvua, habari za mifugo. Mtu mmoja akaanza kupiga ngoma kwenye jagi la plastiki. Korongo nao juu ya bati.

Niliita mara ya kwanza. Sauti yangu haikufika ukingo wa baraza.

Niliita mara ya pili. Mvulana aliyekuwa karibu nami alisema, kwa upole wa kweli, "Dubow, jamaa, kunywa maji."

Niligeuka kumtazama Mama Wanza ndani. Nilitumaini atainuka. Hakuinuka. Alikuwa ameshika kalamu juu ya karatasi, mahali pa kuandika ameitika au hakuitika, akinitazama kwa namna ya mtu anayesubiri chai ichemke.

Kwetu Balambala, shamba la kaka yangu liko ng'ambo ya mto. Chakula kikiwa tayari, mtu husimama ukingoni, huweka mikono pande mbili za mdomo, hujaza tumbo hewa, na huita jina akilivuta mwisho mpaka livuke maji. Nilifanya hivyo tangu utotoni, na sikuwahi kuona aibu, kwa kuwa mtoni hakuna wa kunitazama ila mamba. Sijui kwa nini sikuwahi kufikiri kwamba ni sauti ile ile. Niliweka mikono mdomoni nikaliita jina lake lote, lake, la baba yake na la babu yake, kama ninavyomwita kaka yangu aje kula.

Ngoma ya jagi ilikatika. Korongo waliruka wote kwa pamoja kutoka kwenye paa. Mpishi alitoka na mwiko. Na mbuzi wote wa chuo, walio barazani, walio kwenye takataka na walio chini ya miti, waliinua vichwa.

Kutoka nyuma ya matangi ya maji, sauti ya mwanamke ikaitika, "Naam."

"Ameitika," nilisema mlangoni. Mama Wanza akaandika.

Alikuja akivuka uwanja bila kukimbia, nyuso na mikono ya wasichana nyuma yake bado ina maji. Aliingia, akatia saini, Mwalimu Kirimi akafunga kikao kwa saa aliyopanga. Alipotoka, Farah alikuwa amebaki barazani peke yake. Nitasema haki yake, hakukimbia.

"Abaayo, hongera," alisema. "Mwakani tutakuita kikaoni."

"Nitakuja," Hodan alisema. "Ila niiteni kabla ya Fatiha."

Farah alicheka licha ya nafsi yake, na mimi pia.

Lango la bweni sasa hufungwa maktaba inapofungwa. Chuo kilibishana naye muhula mzima, kisha kikaweka na taa njiani. Askari wa lango hulalamika kwamba halali tena mapema. Dheere alirudia hesabu akapita. Hati yake ya wito imetundikwa ukutani kwa mama yake, Kutulo, na nasikia wageni huonyeshwa.

Mama Wanza bado yuko, na atamfundisha atakayekuja mengi kuliko haya. Yangu ni machache. Kidau chini ya mtungi. Mawe dirishani. Kengele iliyo kwenye droo usihangaike nayo, ulimi wake ulianguka kabla sijaajiriwa. Mbuzi wa baraza ni wa jikoni, usimfukuze, anapenda kivuli kile na hana ubaya. Lakini mwangalie unapoita. Akiinua kichwa yeye peke yake, ujue bado hujaita.